Kibuyu cha Maneno Niliyoyameza

Ukurasa huu wa kwanza niliuacha mtupu mwezi wa kwanza, kwa sababu sikujua niandike nini kabla ya tarehe. Leo ni tarehe 14 Juni na nimepata cha kuandika. Sijamwambia mtu yeyote, si Mama, si Mjomba Swalehe. Hata Mungu sijamwambia kwa sauti, ingawa Yeye anajua.

Nilijua Bibi anaumwa wiki kumi na moja kabla ya mtu mwingine kujua. Nilijua, nikanyamaza, na katika kunyamaza kwangu nilikuwa na furaha.

Yanayofuata niliyaandika siku zilezile yalipotokea. Sijafuta neno, hata pale ninapoona aibu.

*

Ijumaa, 17 Januari

Nimefika shambani kwa Bibi Mwanamkuu. Mama alinisindikiza kutoka Bungu mpaka diko, pale boti zinapoegeshwa, akanikabidhi kwa Mjomba Swalehe mwenye boti, akageuka kurudi kwenye meza yake ya mihogo ya kuchoma kabla boti haijaondoka. Mama hapendi kuaga.

Shamba liko ng'ambo ya mto, kwenye kisiwa kisicho na nyumba, madungu tu. Dungu letu lina nguzo sita, ngazi ya vijiti na paa la makuti. Tutakaa humu mpaka mpunga uvunwe, ili tufukuze nguruwe na ndege.

Bibi alinipokea chini ya ngazi. "Karibu, mke mwenzangu. Babu yako ameshakufa, sasa tutagombania nini?"

Nikacheka kwa pua.

Jumapili, 19 Januari

Tumepandikiza tangu asubuhi. Mgongo unauma.

Alhamisi, 23 Januari

Mtandao huku unapatikana sehemu moja, juu ya tuta la zamani la kuzuia maji ya chumvi. Nilisimama pale Mama akanisomea kwa simu matokeo yangu ya kidato cha nne. Divisheni ya nne. Alisema, "Basi, mwanangu, ndivyo ilivyoandikwa," halafu akasema ana mteja.

Kwenye ripoti yangu ya mwisho mwalimu wa Kiswahili aliandika: *Anajua lakini hasemi.* Nimeikumbuka siku nzima.

Jumapili, 26 Januari

Leo Bibi amenionyesha kitu. Nitaandika kirefu.

Tulikuwa tumekaa kwenye dungu baada ya sala ya alasiri. Alitoa chini ya kitanda kibuyu kidogo, hakizidi embe dodo, cheusi kwa moshi, kizibo chake cha mti kimezungushiwa nta. Akaniwekea mapajani. Kilikuwa chepesi kama kimeundwa kwa karatasi.

"Watu wanadhani neno ukilimeza limekufa," alisema. "Halifi. Linakaa tumboni linakutafuna wewe. Sisi tuliokulia huku mtoni tulifundishwa kuliweka."

Akanieleza. Kila alfajiri, kabla hujamsalimu mtu, unafungua kizibo, unaweka mdomo, unapumulia ndani neno ulilolimeza jana. Lazima liwe neno lililofika kabisa kwenye ulimi ukalirudisha. Halafu unasoma maneno fulani ya Kindengereko ambayo amenikataza kuyaandika, unaziba. Neno ulilolitia ukimwambia mtu mwingine, kibuyu kinavuja, na yaliyomo yote yanalifuata.

"Na kikijaa?"

"Kikijaa kinangoja. Siku ya haja unakizibua mchana kweupe, unaelekea kile unachokitaka, unasema sentensi moja kwa sauti. Moja tu. Nguvu yote inatoka nayo. Na atakayesema ni aliyejaza, si mwingine."

Mama yake, alisema, alikizibua mwaka wa njaa, ndege waharibifu, kweleakwelea, walipotanda kama wingu. Aliwaelekea akasema sentensi yake, wakapita juu ya shamba kama wameona moto, wakaenda kushuka kwa majirani.

"Majirani walikula nini, Bibi?"

Alinitazama kidogo. "Mwaka ule kila mtu alikula kwa mama yangu."

Nikamuuliza kwa nini asijaze mwenyewe.

"Mimi nina miaka sabini na tatu. Nimebakiwa na neno gani la kumeza? Kila likija nalisema. Mama yako nilimpa kibuyu hiki akiwa na umri wako, akakijaza siku tatu. Ya nne akamtukana muuza dagaa mpaka mizani ikaanguka." Akacheka hadi akakohoa. "Hiki kinataka mtu mwenye maneno mengi asiyeyatoa. Nimekungoja wewe tangu ulipozaliwa ukakataa kulia, mkunga akakupiga makofi bure."

"Na shehe akisikia?"

"Nasali sala tano. Kunyamaza ni shirki?"

Swali la mwisho lilikuwa la daftari hili. Nilimwambia mimi huwa naandika mambo yangu. Je, kuandika si kusema?

"Karatasi haina sikio," alisema Bibi.

Jumatatu, 27 Januari

Nimetia neno la kwanza. *Mama, nataka kurudia mtihani.* Lilikuwa kwenye ulimi siku ile pale juu ya tuta. Nilipopumua ndani nilisikia baridi kwenye meno.

Jumamosi, 1 Februari

Mengi. *Samaki hajaiva. Mjomba, usinivute shavu, mimi si mtoto.* Na lile la Bi Maimuna.

Bi Maimuna ni jirani wa dungu la pili. Leo alinikuta nafanya mazoezi ya kuamia ndege, ingawa ndege wenyewe bado. Akashika kiuno. "Mwanaidi, unawafukuza au unawabembeleza? Hivyo hata shomoro atalala. Na siku ya ndoa yako, kadhi atangoja 'ndiyo' mpaka Idi ya pili!"

Nilikuwa na jibu. Lilikuwa jibu zuri, kuhusu mumewe wa tatu. Sasa limo kibuyuni.

Jumanne, 11 Februari

Bibi aliniomba nimsugue mgongo. Uzio wa kuogea ni makuti manne, jua lilikuwa kali, kila kitu kinaonekana. Nilipozunguka kumwagia maji niliona titi lake la kushoto. Lina uvimbe mkubwa, na ngozi juu yake imejikunja imefanya vishimo kama ganda la chungwa.

Dodoki likaniponyoka.

"Umeona," alisema.

"Nimeona. Tangu lini, Bibi?"

"Kabla ya Maulidi."

"Mama anajua?"

"Wewe ndiye wa kwanza." Alijifunga kanga taratibu. "Wakijua watanipeleka mjini, nikalazwe miezi. Na mpunga? Mama yako anakula huu, Swalehe na wanawe wanakula huu. Mpaka mavuno tu, Mwana. Tukishavuna, nenda kaseme kwenye kipaza sauti cha msikiti ukitaka."

Nilisema lazima nimpigie Mama. Nilisema kweli, naandika hapa nilisema.

Bibi alinishika kidole kimoja, hiki kidogo. "Sikiliza. Hayo unayoyatia kila siku ni makapi. Samaki, shavu, Maimuna. Neno zito kama hili halipatikani kila mwaka. Litie."

Jumatano, 12 Februari

Nimelitia. *Bibi anaumwa.* Kibuyu kilikuwa chepesi jana. Leo nilipokiinua kilinivuta mkono chini.

Naogopa. Lakini kuna kitu kingine. Miaka minne ya sekondari niliambiwa sema, ongea, fungua mdomo, una nini wewe. Leo kwa mara ya kwanza kunyamaza kwangu kuna uzito, unaweza kuushika. Nilikaa nimekipakata kibuyu muda mrefu. Sitaki kuandika nilivyojisikia, lakini nilijisikia tajiri.

Ijumaa, 14 Februari

Mama amepiga. "Bibi yako hajambo?" Nimesema hajambo. Nilikimbia kuangalia kibuyu. Bado kizito. Kumbe uongo hauvujishi.

Ijumaa, 21 Februari

Mama amepiga. Hajambo.

Ijumaa, 28 Februari

Mama amepiga. Hajambo. Tumemaliza palizi ya kwanza.

Jumapili, 2 Machi

Ramadhani imeanza. Bibi anafunga. Nilimwambia mgonjwa ana ruhusa ya kula.

"Mgonjwa gani?" alisema, akatazama pande zote za dungu kama anamtafuta.

Jumatatu, 10 Machi

Kibuyu sasa kina joto. Nikikiweka sikioni kinavuma kama mzinga wa nyuki. Nimeongeza nta, maana kizibo kilikuwa kimejisukuma chenyewe.

Bibi ameniambia mimi ni mjazaji kuliko mama yake. Nimetembea shambani na sifa hiyo siku nzima.

Ijumaa, 14 Machi

Hajambo.

Ijumaa, 21 Machi

Hajambo. Mama akaniuliza, "Na wewe?" Sikuwa nimejiandaa. Nikasema mtandao unakatika.

Jumatatu, 31 Machi

Idi. Mama alikuja na sufuria la pilau amelifunga kwa kanga mpya mbili, moja ya Bibi, moja yangu. Mjomba Swalehe alimvusha. Bi Maimuna naye akaja na visheti vyake, akakaa katikati ya jamvi kama yeye ndiye mwenye dungu.

Mama alimtazama Bibi mara moja, halafu mara ya pili.

"Mama, umekonda."

"Mwezi mzima sijala mchana, ninenepe kwa upepo?"

"Kukonda huku si kwa mfungo."

"Habiba," Bibi alisema, "wewe umenenepa, nimekuuliza?"

Watu wakacheka. Mjomba alicheka mpaka akapaliwa na wali, Bi Maimuna akampiga mgongoni. Mama hakucheka. Aliniita nje kwa jicho, tukasimama chini ya ngazi, akaniuliza polepole. "Mwanaidi, wewe ndiye unayelala naye. Kuna kitu?"

Lilifika. Lilikuwa mdomoni lote, nilihisi ladha yake, kama chuma. Na juu yetu, kwenye sakafu ya miti ya dungu, pale tunapokiweka kibuyu, nilisikia kinavuma.

Nilifikiria siku sitini na nne za maneno. Hilo ndilo nililolifikiria.

"Hakuna," nikasema.

Mama akanirekebishia ushungi. "Afadhali upo wewe," alisema.

Walipoondoka Bibi alilala na pilau lake halijaguswa. Mimi nilikula langu, nikala na lake ili Mama asije akaambiwa limebaki.

Jumatano, 9 Aprili

Mvua siku ya nne. Mto umepanda, maji yako chini ya dungu, samaki wanaogelea pale tulipokuwa tukipikia. Mpunga unaongezeka urefu kila siku kutoa kichwa. Bibi anasema mbegu hii haizami.

Ijumaa, 11 Aprili

Tuta limefunikwa. Hakuna mtandao, na simu imezima kwa sababu sola haioni jua. Hakuna wa kuniuliza leo. Nilisema "hajambo" peke yangu, kwa mazoea.

Alhamisi, 17 Aprili

Mvua.

Jumanne, 22 Aprili

Maji yamepungua, yamebaki ya magotini. Mpunga umetia maziwa. Ukiminya punje, tone jeupe linatoka. Hii ndiyo wiki ambayo ndege huipenda.

Uvimbe umepasuka. Nafua vitambaa mbali na dungu, upande wa mikoko. Kuna harufu. Nafukiza udi asubuhi na jioni, na leo Bi Maimuna ameuliza kutoka dungu lake, "Jamani, mna harusi huko? Mbona hamualiki?"

Bibi akamjibu, "Tunamfundisha Mwanaidi mambo ya ndani, wewe umeshasahau!"

Alijibu kwa sauti ileile ya siku zote. Baada ya hapo alikaa na mkono kwenye uso mpaka adhuhuri.

Jumapili, 27 Aprili

Nimemwambia Bibi siwezi tena. Nimemwambia nataka kusema, mpunga uliwe, kibuyu kivuje, basi.

"Siku ishirini, Mwana."

"Mwezi uliopita ulisema arobaini."

"Basi si zimepungua?"

Nimegundua kitu leo wakati nafua. Simwogopi Bibi. Nikisema, Mama atauliza nilijua lini. Tangu Februari neno limekuwa na mkia, na mkia unarefuka kila siku. Kwanza lilikuwa *Bibi anaumwa.* Sasa ni *Bibi anaumwa na mimi nilijua.* Nusu ya kwanza ni ya Bibi. Nusu ya pili ni yangu mwenyewe, na ndiyo inayonifunga mdomo.

Jumapili, 4 Mei

Naandika nikiwa kwenye baraza ya hospitali, Kibiti. Sijaandika tangu Jumapili iliyopita. Nitaandika ya Alhamisi.

Bi Maimuna alikuwa amevuka kwenda msibani. Kisiwani tulibaki mimi na Bibi, na simu haikuwaka tena tangu mvua zile. Asubuhi nilitembea shambani na kombeo, nikatikisa kamba za makopo, ndege wachache wakaja wakaondoka. Bibi alikuwa amelala. Hakuomba chai.

Baada ya alasiri nilisikia kama mvua inakuja kutoka upande wa kijiji cha Umwe, lakini mbingu ilikuwa safi. Nikageuka. Ilikuwa kweleakwelea. Walikuwa wengi mpaka wingu lao lilikuwa na kivuli, na kivuli kile kilikuwa kinatembea juu ya mpunga.

Nilipanda ngazi kuchukua kibuyu. Bibi alikuwa ameanguka kutoka kitandani. Kanga ya Idi ilikuwa imelowa damu kuanzia kifuani mpaka kiunoni, na damu ilikuwa ikidondoka kati ya miti ya sakafu, naisikia inavyopiga maji chini. Macho yake yalikuwa wazi.

"Wamekuja?" aliuliza.

"Bibi!"

"Wamekuja. Nawasikia. Shuka. Elekea mpunga."

Nilibana kidonda kwa ushungi wangu, nikafunga kwa kamba ya makopo. Kibuyu kilikuwa cha moto, nilikibeba kwa pindo la gauni. Nikashuka. Maji ya magotini. Mbele yangu, shamba, ndege wanaanza kushuka, mabua yanainama kwa uzito wao. Nyuma yangu, mto, na ng'ambo ya mto, diko. Kutoka pale diko linaonekana kama mstari tu, na watu wake kama siafu. Mtu akipiga kelele kutoka dungu letu, hata Bi Maimuna mwenyewe, sauti haifiki katikati ya maji.

Bibi alisema kutoka juu, kwa sauti ndogo lakini nikaisikia, "Mpunga, Mwana."

Nikaugeukia mto.

Nikazibua. Nta ilikuwa imeyeyuka, kizibo kikaruka chenyewe. Nikasema, "Njooni, Bibi yangu anakufa!"

Sikuwa najua nina sauti ile. Haikutoka kooni. Ilianzia kwenye nyayo, ikapita, na ilipopita maji ya magotini mwangu yakasogea pembeni nikaona udongo. Ndege wote wakaruka kwa pamoja. Kwa muda mfupi shamba lilikuwa tupu na mbingu imejaa, nikafikiri labda, labda vyote viwili. Kisha wakashuka tena. Sentensi haikuwa yao.

Kibuyu kilipasuka? Hapana. Kilikuwa kizima, baridi, chepesi kama karatasi.

Boti ilifika kabla sijamaliza kumshusha Bibi ngazi. Mjomba Swalehe alikuwa na wanaume wawili waliokuwa wakiziba mtumbwi. Uso wake ulikuwa umepauka. "Nilikusikia sikioni," alisema. "Niligeuka nikidhani umesimama nyuma yangu." Wale wawili wakasema na wao. Mmoja wao mpaka leo hataki kunitazama.

Bibi alibebwa akitazama shamba. Alilia. Sijawahi kumwona akilia, na hakuwa analilia kidonda.

Tulifika hospitali jua likiwa bado halijazama. Mjomba alimpigia Mama simu njiani, naye alikuwa ameshafika kutoka Bungu, na mikono ina majivu ya mihogo. Daktari, dada mpole mwenye miwani, alifungua kanga, akatuuliza.

"Uvimbe huu mliuona lini?"

Mama alinigeukia. Mjomba alinigeukia. Mimi ndiye niliyelala naye.

"Juzi," nikasema.

Daktari akasema polepole kwamba umeshaenea kwenye mapafu. Akasema hawezi kuwa na uhakika, lakini mwezi wa pili hivi, ungekuwa umeonekana, pengine kungekuwa na la kufanya. Hakujua alichokuwa anasema. Alitaja mwezi wa pili kama mtu anavyotaja mwezi wowote.

Bibi alikuwa macho. Alinitazama mimi, hakumtazama daktari.

Mama alinikumbatia mbele ya watu wote. "Umeita," alisema. "Mwanangu asiyesema, umeita."

Ijumaa, 9 Mei

Walitaka kumpeleka Dar. Bibi amekataa. Tumemleta nyumbani Bungu. Mabasi yanapita usiku na mchana mbele ya dirisha, anauliza kila mara mto una nini leo.

Jumatatu, 12 Mei

Mjomba amerudi kutoka shambani. Alikuja na mpunga wote kwenye mfuko mmoja, ameushika kwa mkono mmoja. Akauweka nyuma ya mlango.

Jumamosi, 17 Mei

Mama alikuwa uani. Bibi aliniita niketi karibu.

"Ulipougeukia mto nilikukasirikia," alisema. Anapumua kati ya neno na neno. "Miezi yote ile. Mpunga wa watu kumi na moja."

"Nisamehe, Bibi."

"Ngoja nimalize. Nilikasirika siku tatu. Ya nne sikuwa na nguvu ya kukasirika." Alicheka bila sauti. "Wewe hukufanya kosa pale mtoni. Kosa tulilifanya pale kwenye makuti ya kuogea, na mimi ndiye niliyekupa kizibo. Nilidhani nitafika mavuno. Mtu huhesabu siku kama ni zake."

Nikamuuliza jambo lililonikaa moyoni. Je, ni kibuyu kweli, au ni mimi tu nilipiga kelele?

"Swalehe alikusikia akiwa diko, nawe wauliza?"

Halafu nikamwambia lililobaki. Kwamba kibuyu kilikuwa na nguvu ya sentensi moja yoyote, ningeweza kusema yote, nikasema nusu. Nikaiacha *na mimi nilijua.* Kwamba Mama ananishukuru kila asubuhi, na nikishukuriwa natamani ardhi inimeze. Nikamuuliza, nimwambie?

Alifumba macho.

"Hilo ni lako, mimi sikupangii. Ila ukilitoa, litoe lote kwa nguvu. Usilitoe kidogo kidogo, leo nusu, kesho robo. Neno likivuja linaoza. Mama yako atainuka kwa hasira siku hiyo, nawe usikimbie."

Jumamosi, 24 Mei

Bibi Mwanamkuu amefariki leo saa nne asubuhi. Mama alikuwa anamnywesha maji kwa kijiko.

Jumatatu, 26 Mei

Matanga. Wanawake wamejaa mpaka uani. Bi Maimuna amekuja kutoka kisiwani, amelia kuliko wenye msiba, halafu akawahadithia wote. "Msimwone mnyonge huyu. Nilikuwa msibani ng'ambo, naapa, nilimsikia mpaka kikombe kilinitikisika mkononi! Na mimi nilikuwa nikimtania. Bila yeye shoga yangu angefia majini kama ndege." Akanivuta akanibusu kichwani. Akasema, "Nami nilikaa hatua hamsini kutoka kwao, nikanusa udi wiki nzima, sikujua. Mwanamkuu alimficha kila mtu."

"Alimficha kila mtu," wakasema wanawake.

Nilipeleka sinia la kahawa.

Jumamosi, 31 Mei

Mvua kidogo.

Jumatano, 4 Juni

Mama amemwambia mteja, nikisikia, "Huyu binti angekuwa ameona mapema angesema, namjua."

Jumamosi, 7 Juni

Idi ya kuchinja. Hatukuchinja. Mama alipika wali wa ule mfuko wa Mjomba, ulitosha kwa mlo mmoja.

Asubuhi kabla ya kumsalimu mtu nilikitoa kibuyu kwenye begi langu, nikaweka mdomo. Maneno ya Kindengereko nayakumbuka yote. Nilitia *na mimi nilijua.*

Jumamosi, 14 Juni

Nimekipima leo. Kimeanza kuvuta mkono.

Safari hii sijazi kwa ajili ya mpunga, wala sijazi kwa kupenda uzito wake. Sauti yangu ya kawaida haiwezi kulibeba neno hili. Nimejaribu mara tatu, jikoni, kisimani, na Mama akiwa anasuka nywele zangu. Mara zote tatu nilisema kitu kingine. Kwa hiyo nakusanya.

Arobaini ya Bibi ni tarehe 2 Julai. Hitma itasomwa hapa nyumbani, Mjomba Swalehe atakuwepo, Bi Maimuna atakuwepo na sikio lake. Itakuwa mchana kweupe. Nitasimama mbele ya Mama, nimwelekee, nikizibue. Sentensi nimeshaichagua na haina nusu: *Mama, nilijua tangu Februari.* Atakachokifanya baada ya hapo sikijui. Sitakimbia.

Bibi alisema karatasi haina sikio. Lakini wewe uliyelifungua daftari hili unalo, na una mdomo pia. Sijui wewe ni nani. Labda ni binamu yangu unatafuta kalamu. Labda umelikuta chini ya godoro. Nakuomba usimwambie mtu, hata kwa wema, hata ukimwona Mama analia na ukadhani itamsaidia. Ukisema wewe, litavuja, na litamfikia likiwa limeoza, kutoka kinywa ambacho si changu.

Limeze. Zimebaki siku kumi na nane. Ukinyamaza nawe, litakuwa zito zaidi, na siku ile huenda sauti ikatosha.